Enzi ya Barafu Isiyofika Petta: Barafuto, Mandhari na Istilahi katika Uwanda wa Mpaka wa Tororo na Busia

Ikisiri

Makala haya yanaeleza jinsi enzi za barafu zilivyochangia kuunda mandhari ya mpaka wa Uganda na Kenya, kuanzia vilele vya Mlima Elgon hadi ufuo wa Ziwa Victoria, yakiichukua Petta katika wilaya ya Tororo kama mahali pa kutazamia. Hoja kuu ni kwamba barafu yenyewe haikufika kwenye uwanda huu, lakini enzi ya barafu ilifika, nayo ilifika kwa sura ya ukame na kisha ya mvua. Kutotenganisha mambo hayo mawili kunatokana kwa sehemu na neno moja la Kiswahili, barafu, kubebeshwa dhana nyingi. Makala yanaonyesha kwamba mkanganyiko huo wa istilahi una uzito wa kisera, kwa kuwa unaweza kuwaelekeza wapangaji kutafuta chanzo cha maji ya mito ya mpakani mahali kisipo. Mwishoni yanapendekezwa matumizi ya istilahi chache zilizopambanuliwa, kwa shule, ofisi za maji na vyombo vya ushirikiano wa kikanda.

1.0 Utangulizi

Petta ni sehemu ya nchi ya Padhola, katika uwanda wa mashariki mwa Uganda ambao mwinuko wake ni mita 1,100 hadi 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari. Hapa ardhi ni ya mawimbi mapana: mgongo mdogo wenye udongo mwekundu na mashamba ya mihogo na mtama, kisha bonde tambarare lenye mafunjo, kisha mgongo mwingine. Mwamba wa Tororo unainuka peke yake hadi mita 1,483, na asubuhi isiyo na mawingu Mlima Elgon huonekana kwa mbali ukiwa umelala kama mgongo mpana wa buluu. Ng'ambo ya mpaka, kaunti ya Busia inaendeleza mandhari hiyohiyo hadi ziwani. Mpaka wa nchi haukukata mandhari.

Mwanafunzi wa eneo hili anapofika kwenye somo la enzi za barafu, vitabu humpeleka Norwei, Kanada au milima ya Alpi. Huko huonyeshwa mabonde mapana, maziwa marefu na vifusi vya mawe vilivyoachwa na barafu. Kutokana na mafunzo hayo anaweza kutoka na mojawapo ya dhana mbili. Ya kwanza ni kwamba enzi ya barafu ni habari ya wengine, haihusu Padhola wala Samia. Ya pili ni kinyume chake: kwa kuwa dunia nzima ilipitia enzi ya barafu, basi hata Petta ilifunikwa na barafu. Dhana zote mbili si sahihi, na makosa yake hayaishii darasani. Mshauri wa sera anayeamini ya pili atayasoma mawe, udongo na mito ya eneo hili kwa ufunguo usio wake.

Sehemu ya pili ya makala inaeleza enzi ya barafu ni nini na barafuto hufanyaje kazi. Sehemu ya tatu inatazama ushahidi wa Mlima Elgon, na ya nne inashuka kwenye uwanda na ziwa. Sehemu ya tano inarudi kwenye lugha, na ya sita inaunganisha lugha na sera.

2.0 Enzi ya barafu na kazi ya barafuto

2.1 Chanzo cha enzi za barafu

Enzi ya barafu ni kipindi kirefu ambamo wastani wa joto la dunia hushuka kiasi cha kuwezesha barafu kujilimbikiza juu ya mabara. Katika miaka milioni 2.6 iliyopita dunia imepitia vipindi vingi vya baridi vilivyopokezana na vipindi vya joto. Kichocheo kikuu cha mapokezano hayo ni mabadiliko madogo katika njia ya dunia kulizunguka jua na katika mlalo wa mhimili wake. Mabadiliko hayo hurudi kwa mizunguko ya takribani miaka 23,000, 41,000 na 100,000. Hayapunguzi sana jumla ya mwanga wa jua unaoifikia dunia kwa mwaka, ila huubadilisha mgawanyo wake kati ya majira na kati ya kaskazini na kusini. Kiangazi cha kaskazini kikipoa, theluji ya mwaka huu hubaki hadi mwaka ujao, nayo kwa weupe wake hurudisha mwanga angani na kuongeza baridi. Kupungua kwa hewa ya ukaa angani hukuza athari hiyo na kuisambaza duniani kote.

Kilele cha mwisho cha baridi kilikuwa kati ya miaka 26,000 na 19,000 iliyopita, kwa makadirio ya jumla. Maji mengi yalifungwa kwenye mabara ya kaskazini kwa umbo la barafu, na usawa wa bahari ukashuka kwa takribani mita 120. Athari yake ilionekana hata katika pwani ya Waswahili. Unguja, ambayo leo ni kisiwa, iliungana na bara, kwa kuwa mkondo unaoitenga hauna kina kikubwa. Pemba ilibaki peke yake, kwa kuwa mkondo wake una kina cha mamia ya mita. Mifupa ya wanyama wa bara, akiwemo punda milia, iliyofukuliwa katika Pango la Kuumbi karibu na Jambiani, ni kumbukumbu ya wakati ambapo mnyama aliweza kutoka bara hadi Unguja kwa miguu. Hakuna barafu iliyowahi kufika Unguja, lakini enzi ya barafu ndiyo iliyoiunganisha na bara, na kwisha kwake ndiko kulikoirudisha kuwa kisiwa. Mfano huu wa pwani ndio ufunguo wa kuuelewa uwanda wa Petta.

2.2 Jinsi barafuto inavyochonga

Barafuto si barafu iliyotulia. Ni tungamo la barafu linalosogea. Theluji inayoanguka mahali pasipoyeyuka yote hulundikana tabaka juu ya tabaka. Uzito wa tabaka za juu huibana ile ya chini, hewa hutolewa, na chembe za theluji hugeuka kuwa barafu ngumu. Unene ukifikia makumi ya mita, barafu huanza kuteremka kwa uzito wake yenyewe, kwa mwendo wa sentimita au mita chache kwa siku, ikipinda ndani yake na kuteleza juu ya mwamba.

Kazi yake kwenye ardhi ni ya namna tatu. Kwanza, hung'oa: maji hupenya kwenye nyufa za mwamba, huganda, na barafu inaposogea huondoka na vipande. Pili, husugua: vipande hivyo, vikiwa vimeshikwa chini ya barafu, huukwaruza mwamba kama msasa na kuacha mistari sambamba inayoonyesha mwelekeo wa safari. Tatu, hulundika: pale inapoyeyuka, barafuto hutua mzigo wake wote bila kuuchagua, jabali kando ya unga wa mwamba. Mto hupanga mchanga na kokoto kulingana na nguvu ya maji, lakini barafuto haipangi. Kwa hiyo tuta la mawe na udongo uliochanganyika, lililopinda kama upinde kukatiza bonde, ni alama ya kuaminika ya ukingo wa barafuto ya zamani. Tuta hilo huitwa moreni. Alama nyingine ni bonde lenye umbo la herufi U, tofauti na bonde la mto lenye umbo la V, na shimo lenye umbo la bakuli mlimani, ambalo mara nyingi hubaki na ziwa dogo.

3.0 Mlima Elgon: mahali ambapo barafu ilikuwapo kweli

Mlima Elgon ni volkeno iliyozimika, yenye kaldera pana kileleni na ncha ya juu, Wagagai, yenye urefu wa mita 4,321. Leo hauna barafuto. Usiku sakitu hutanda juu ya nyasi za kaldera, na mvua ya mawe inaweza kuufanya weupe kwa muda, lakini jua likipanda weupe huo hutoweka. Hata hivyo, alama zote tatu zilizoelezwa hapo juu zipo. Ziko bakuli zilizochongwa kwenye kuta za nje za kaldera, yako mabonde ya juu yenye umbo la U, na ziko moreni zinazokatiza mabonde hayo. Maziwa madogo ya juu, likiwemo Ziwa Kimilili upande wa Kenya, yametuama katika mashimo ya aina hiyo.

Ushahidi wa wakati unatokana na mashapo. Matope yaliyotuama katika ziwa au kinamasi cha mlimani huanza kujilimbikiza barafu inapoondoka, hivyo umri wa tabaka la chini kabisa huonyesha barafu ilikuwa imekwisha kuondoka lini. Mwaka 1978 Alan Hamilton na R. A. Perrott walichapisha katika jarida la Nature makala kuhusu wakati wa Elgon kupoteza barafu yake. Kutokana na kazi za namna hiyo inaeleweka kwamba kufikia miaka 11,000 hivi iliyopita barafuto za Elgon zilikuwa zimekwisha. Chavua za mimea zilizohifadhiwa katika mashapo hayohayo zinaonyesha pia kwamba wakati wa baridi kanda za uoto zilishuka: nyasi na vichaka vya mwinuko wa juu vilichukua mahali ambapo leo pana msitu.

Hali hii si ya Elgon pekee. Katika milima ya Rwenzori moreni ni kubwa zaidi, na Ziwa Mahoma limezuiwa na moreni kwenye mwinuko wa karibu mita 3,000, mbali sana chini ya barafu ya leo. Daniel Livingstone aliitumia kaboni ya mionzi kutoka mashapo ya ziwa hilo, na matokeo yake, yaliyochapishwa mwaka 1962, yalikuwa miongoni mwa ushahidi wa mwanzo kwamba barafu ya ikweta ilirudi nyuma karibu wakati mmoja na barafu ya kaskazini ya dunia. Kwa maneno mengine, milima ya Afrika Mashariki ilikuwa ikishiriki tukio la dunia nzima.

Jambo la kuzingatia ni mpaka wa barafu hiyo. Barafuto za Elgon zilibaki sehemu za juu za mlima. Kati ya ncha zake za chini na uwanda wa Tororo kulikuwa na takribani mita 2,000 za mwinuko zisizo na barafu. Kwa hiyo hakuna moreni Petta, wala bonde la U, wala mwamba uliokwaruzwa na barafu.

4.0 Uwanda usiofikiwa na barafu

4.1 Mawe yanayodanganya

Msomaji aliyefunzwa kwa mifano ya Ulaya akipita Busia au Tororo hukutana na mawe makubwa ya graniti, ya mviringo, yaliyopandana kana kwamba yamewekwa na mkono. Vilima vya Chelelemuk vina mawe ya namna hiyo, na Kit Mikayi karibu na Kisumu ni mfano unaojulikana zaidi. Katika Finlandi au Kanada, jabali la mviringo lililosimama peke yake huweza kuwa jiwe geni, lililobebwa na barafuto kutoka mbali. Hapa sivyo. Mawe haya yamezaliwa papo hapo yalipo. Graniti ilipokuwa bado chini ya ardhi, maji ya mvua yenye joto yalipenya kwenye nyufa zake zilizokatana na kuozesha mwamba kuanzia pembeni. Pembe zilikwisha kwanza, viini vya mviringo vikabaki, na mmomonyoko ulipouondoa udongo laini, viini hivyo vikasimama wazi. Kipimo cha kuyatofautisha ni rahisi: jiwe geni ni la aina tofauti na mwamba ulio chini yake, ilhali jiwe la Chelelemuk na mwamba wake ni kitu kimoja.

Mwamba wa Tororo nao haukuchongwa na barafu. Ni mabaki ya shughuli za volkeno, na mawe yake yenye kalisi nyingi ndiyo yaliyokipa kiwanda cha saruji cha mji huo malighafi. Mabonde mapana yenye mafunjo yana historia nyingine pia. Ardhi ya magharibi mwa Uganda iliponyanyuka, mito iliyokuwa ikitiririka kuelekea magharibi ilipoteza mteremko wake, maji yakarudi nyuma na kutuama. Ndivyo lilivyopatikana Ziwa Victoria, na ndivyo Ziwa Kyoga lilivyopata umbo lake la vidole vinavyoingia mabondeni. Vinamasi vya mashariki mwa Uganda ni sehemu ya mfumo huo wa maji yenye mteremko mdogo.

Tofauti hii ina maana kwa mkulima. Katika sehemu kubwa za kaskazini ya dunia barafu iliondoa udongo wa kale na kuacha unga mpya wa mwamba, wenye madini ambayo mimea bado inayala. Udongo mwekundu wa migongo ya Petta haukuwahi kufanywa upya kwa njia hiyo. Umelowa na kuchujwa na mvua kwa muda mrefu sana, madini mengi yamekwisha kubebwa, na chuma kimebaki na kugandamana kuwa moramu. Ushauri wa mbolea au wa kupumzisha shamba ulioandikwa kwa udongo wa nchi zilizofunikwa na barafu hauwezi kuhamishiwa hapa bila kupimwa upya.

4.2 Ziwa lililokauka

Ikiwa barafu haikufika, enzi ya barafu ilifikaje? Jibu liko chini ya Ziwa Victoria. Bahari za kitropiki zilipopoa, mvuke ulipungua na mvua ikapungua. Ziwa Victoria ni pana, lenye takribani kilomita za mraba 68,800, lakini halina kina kirefu: wastani wake ni mita 40 hivi na sehemu ya chini kabisa haizidi sana mita 80. Tena sehemu kubwa ya maji yake hutokana na mvua inayoangukia juu yake moja kwa moja. Ziwa la namna hiyo haliwezi kuvumilia ukame mrefu. Watafiti walipopima tabaka za sakafu yake kwa mawimbi ya sauti na kutoboa mashapo, walikuta chini ya matope ya ziwa udongo wa nchi kavu wenye vinyweleo vya mizizi. Thomas Johnson na wenzake walieleza katika jarida la Science mwaka 1996 kwamba ziwa lilikauka mwishoni mwa enzi ya barafu na kujaa tena baadaye. Kurejea kwa maji sasa huwekwa kwenye takribani miaka 15,000 iliyopita.

Picha inayopatikana ni hii. Mto Sio, ambao leo unapita kati ya Busia mbili na kuingia ziwani, haukuwa na ziwa la kuuingia. Mahali penye sangara na omena palikuwa na nyasi. Mito iliyotoka Elgon ilikuwa na maji machache ya kuupeleka uwanda. Mlima ulikuwa na barafu nyingi kuliko wakati wowote uliofuata, na bado uwanda ulikuwa mkavu kuliko leo. Barafu zaidi juu haikuleta maji zaidi chini, kwa kuwa mvua ndiyo iliyokuwa imepungua.

Kisha hali ikageuka. Kuanzia karibu miaka 15,000 iliyopita hadi karibu miaka 5,500 iliyopita, Afrika ya kaskazini na mashariki ilipitia kipindi cha mvua nyingi. Ziwa likajaa, misitu ikapanuka, mabonde yakapokea matope na kugeuka kuwa vinamasi vyenye rutuba. Mamia ya aina za furu zinazojulikana leo katika Ziwa Victoria zilipata nafasi ya kupambanuka baada ya kujaa huko, kwa kasi inayowashangaza wanabiolojia. Binadamu nao walifuata maji. Katika Kakapel, kwenye vilima vya Chelelemuk katika kaunti ya Busia, wanaakiolojia wamekuta dalili za makazi ya kuanzia miaka 9,000 hivi iliyopita, na katika tabaka za baadaye mabaki ya mazao, yakiwemo ya kunde za zaidi ya miaka 2,000. Historia ya kilimo cha mpaka huu imeandikwa juu ya ardhi iliyotayarishwa na kwisha kwa enzi ya barafu.

5.0 Neno moja, dhana nyingi

Maelezo haya yote yanaweza kuharibika kwa neno moja. Barafu, neno lenye asili ya Kiajemi lililoingia Kiswahili kupitia biashara ya Bahari ya Hindi, hutumika kwa kipande kinachowekwa kwenye kinywaji sokoni Busia, kwa maji yaliyoganda kwenye jokofu, kwa weupe wa Kilimanjaro, na kwa tungamo linalosogea na kuchonga mwamba. Theluji, lenye asili ya Kiarabu, huchanganywa nalo mara kwa mara. Lugha jirani zina hali kama hiyo: katika Kiganda omuzira, na katika Dholuo pe, ni maneno ya mvua ya mawe yanayobebeshwa pia theluji. Si upungufu wa lugha hizi. Kila jamii hutaja kwa upambanuzi kile inachokiona, na mvua ya mawe inaonekana Padhola wakati barafuto haionekani.

Historia ina mfano wake. Tarehe 11 Mei 1848 mmisionari Johannes Rebmann aliuona weupe wa Kilimanjaro, na alipomuuliza kiongozi wake wa safari ni nini, aliambiwa ni baridi. Jibu hilo halikuwa ujinga. Lilitaja sifa inayohisiwa na mwili pale ambapo jina la kitu halikuwa mdomoni. Huko London mwanajiografia William Desborough Cooley, aliyekuwa na jina la kitu hicho katika lugha yake, alikataa kuamini kwamba kingeweza kuwapo karibu na ikweta. Mmoja alikosa istilahi lakini aliujua ukweli. Mwingine alikuwa na istilahi lakini akaukana ukweli. Kazi ya mwanaistilahi ni kuviweka viwili hivyo pamoja.

Kiswahili tayari kina nyenzo za kutosha. Theluji ibaki kwa chembe nyeupe zinazoanguka kutoka angani. Barafu ibaki kwa maji yaliyoganda, popote yalipo. Sakitu itumike kwa umande ulioganda usiku, na mvua ya mawe kwa vipande vya barafu vinavyonyesha. Barafuto, neno linaloelekea kuungwa kwa barafu na mto, litumike kwa tungamo linalosogea tu. Ubora wa umbo hilo ni kwamba linabeba ndani yake wazo la mwendo, ambalo ndilo linalotenganisha barafuto na barafu nyingine. Moreni likubalike kwa tuta liachwalo na barafuto, kwa kuwa maelezo kama “kifusi cha mawe” hayalitofautishi na kifusi cha maporomoko. Jiwe geni linaeleweka bila kamusi. Enzi ya barafu ihifadhiwe kwa kipindi cha wakati, na isitumike kamwe kwa maana ya mahali palipofunikwa na barafu. Katika pendekezo hili, sentensi “Petta ilipitia enzi ya barafu lakini haikuwa na barafuto” haina ukinzani wowote. Bila upambanuzi huo, sentensi hiyo husikika kama kitendawili.

6.0 Maana yake kwa sera

Barafuto za Afrika Mashariki zinakwisha. Eneo la barafuto za Rwenzori lilikadiriwa kuwa kilomita za mraba 6.5 hivi mwaka 1906, na kufikia 2003 lilikuwa chini ya kilomita moja ya mraba. Barafu ya Kilimanjaro ilipoteza takribani asilimia 85 ya eneo lake kati ya 1912 na 2007. Mwaka 2022 UNESCO ilionya kwamba barafuto zilizosalia katika maeneo ya urithi wa dunia barani Afrika huenda zikatoweka kufikia 2050. Habari hizi hutangazwa kwa Kiswahili, na mara nyingi hufuatwa na hitimisho kwamba mito itakauka kwa sababu barafu inakwisha.

Hitimisho hilo linahitaji kupimwa. Richard Taylor na wenzake, waliopima maji katika Rwenzori, walionyesha kwamba maji yanayotokana na kuyeyuka kwa barafuto ni chini ya asilimia 2 ya maji ya Mto Mubuku chini ya mlima. Sehemu iliyobaki inatoka kwenye mvua, ikihifadhiwa na misitu na vinamasi vya mlimani. Ikiwa ndivyo ilivyo mahali penye barafuto, hoja ni nzito zaidi kwa Elgon, ambako barafuto zilikwisha maelfu ya miaka iliyopita. Mito Malaba, Malakisi na Manafwa haina hata tone la maji ya barafuto. Mashamba ya mpunga ya Doho na visima vya kingo za Malaba hutegemea mvua ya msimu, msitu unaoipokea na ardhi oevu inayoiachilia polepole.

Hatari ya upande wa pili ni kubwa vilevile. Machi 2010 maporomoko ya udongo yaliifukia Nametsi katika wilaya ya Bududa na kuua zaidi ya watu 100. Yalisababishwa na mvua kubwa juu ya udongo mzito wa volkeno kwenye miteremko mikali iliyolimwa na kukaliwa. Mafuriko yanayofika uwandani baada ya mvua za namna hiyo hayatoki kwenye barafu inayoyeyuka. Anayewaeleza wananchi wa mabondeni kwamba “barafu ya Elgon imeyeyuka” anawaambia kwa hakika kwamba hakuna wanaloweza kufanya. Anayewaeleza kwamba mvua imekuta mteremko usio na miti na kinamasi kilichokatwa mifereji anataja mambo matatu, na mawili kati yake yako mikononi mwa binadamu.

Kwa sababu hiyo istilahi inapaswa kuwa sehemu ya mipango ya maji ya mpakani. Bonde la Sio-Malaba-Malakisi linasimamiwa kwa ushirikiano wa Uganda na Kenya, na mradi wa maji wa Angololo unapangwa kwenye Mto Malaba. Wadau wa vijijini katika bonde hilo huzungumza Dhopadhola, Ateso, Lusamia, Lubukusu na nyinginezo, na Kiswahili ndicho kinachowakutanisha mkutanoni. Tangu Julai 2022, Baraza la Mawaziri la Uganda lilipoidhinisha utekelezaji wa uamuzi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki wa kukifanya Kiswahili lugha rasmi, ripoti na miongozo kwa lugha hii itaongezeka. Hatua tatu zinapendekezwa. Kwanza, Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki, kwa kushirikiana na BAKITA na BAKIZA, isanifishe kundi hili dogo la istilahi pamoja na maana zake. Pili, vitabu vya jiografia vya eneo hili viifundishe enzi ya barafu kwa kuanzia Elgon na Ziwa Victoria, ndipo viende Norwei. Tatu, ripoti za maji na majanga zitaje chanzo cha maji kwa jina lake: mvua, msitu, kinamasi, au barafuto pale tu ilipo.

7.0 Hitimisho

Mandhari ya Petta na Busia ni kazi ya mwamba wa kale, mvua, kuinuka kwa ardhi na mabadiliko ya hali ya hewa ya dunia. Barafuto zilichonga Elgon na kuishia huko juu. Kilichoteremka hadi uwandani kilikuwa ukame ulioliondoa ziwa, na baadaye mvua iliyolirudisha. Somo la enzi ya barafu kwa mpaka huu linahusu mvua kuliko linavyohusu barafu. Miaka 17,000 hivi iliyopita mlima ulikuwa mweupe na sakafu ya ziwa ilikuwa nyasi. Wapangaji wa leo, wanaozisoma habari za weupe wa mwisho wa Kilimanjaro na Rwenzori, wanapaswa kuuhuzunikia weupe huo kwa haki yake. Macho yao ya kazi, hata hivyo, yabaki kwenye msitu wa Elgon na mafunjo ya Malaba, kwa kuwa ndiko maji ya Petta na Busia yanakowekwa.